Narayama ya 1958: bibi anayeuharakia mlima

Nimeitazama "Narayama Bushiko", filamu ya Kijapani ya mwaka 1958 iliyoongozwa na Keisuke Kinoshita, na bado inanizunguka kichwani. Kisa chenyewe ni kifupi. Katika kijiji fukara cha milimani, anayetimiza miaka 70 hubebwa mgongoni na mwanawe hadi mlima Narayama, akaachwa huko afie mbele ya mungu wa mlima. Chakula ni haba, walaji ni wengi.

Ungedhani Orin, bibi wa miaka 69, anaiogopa siku hiyo. Wapi! Yeye ndiye anayeiharakia. Mwenye uchungu ni mwanawe, Tatsuhei. Kinachomkera bibi ni meno yake, mazima yote. Mjukuu humwimbia nyimbo za kumcheka, maana mzee mwenye meno ni mlaji. Basi anainama kwenye kinu cha jiwe, anayagonga mpaka yanavunjika, kisha anajitokeza mbele ya watu mdomo ukivuja damu, anatabasamu. Hapo Kinuyo Tanaka, anayemwigiza Orin, alinifanya nisimamishe filamu nivute pumzi.

Ujue mapema: karibu kila kitu ni cha jukwaani, kwa mtindo wa kabuki, mchezo wa jadi wa jukwaani wa Japani. Anga imechorwa, taa zinabadilika rangi ghafla, na kuna mwimbaji anayesimulia kwa shamisen, ala ya Kijapani ya nyuzi tatu. Wapo watakaochoshwa. Kwangu hilo ndilo lililoibeba filamu, kwani kwenye mlima halisi ningekaa nikiwahukumu wanakijiji kwa ukatili wao. Hapa niliingia ndani ya imani yao pamoja na masharti yake: mlimani hakuna kusema neno, na anayerudi hageuki nyuma. Tatsuhei anayavunja yote mawili theluji inapoanza kuanguka, kwa sababu theluji siku hiyo ni baraka, naye hawezi kushuka bila kumwambia mama. Mama anampungia mkono tu: nenda.

Mwimbaji naye huzidisha. Mara nyingine anatueleza machozi tunayoyaona wenyewe. Na yule jirani mzee anayekataa kwenda, akafungwa kamba na kutupwa bondeni na mwanawe, si tukio la kutazama na watoto.

Haifiki saa mbili. Mwongozaji Shohei Imamura alikitengeneza upya kisa hiki akashinda Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, mwaka 1983, na yake ina mlima wa kweli, tope na jasho. Anayependa uhalisia aanze na hiyo. Mimi nitairudia ya Kinoshita.