Unanunua simu Dodoma? Angalia mfumo kabla ya kamera

Mama mdogo alinijia Majengo akitokea Kibaigwa, mkononi iPhone 6 aliyouziwa mtumba, kioo hakina hata mkwaruzo. WhatsApp imegoma. "Mwanangu, nimeibiwa?" Simu ilikuwa nzima, ila mfumo wake, yaani programu kuu inayoiendesha simu (iPhone hutumia iOS, nyingine nyingi Android), umefika mwisho: tangu Mei 2025 WhatsApp inataka iOS 15.1 kwenda juu, na iPhone 5s, 6 na 6 Plus zinaishia iOS 12. Hakuna fundi wa kuipandisha. Kikoba chao kinatuma hesabu za hisa kwenye kundi la WhatsApp, kwa hiyo mama wa watu alikuwa amefungiwa nje ya hela zake mwenyewe. Iliniuma sana.

Ndiyo maana hapa napanga simu za kununua kwa kigezo kikuu kimoja, miaka iliyobaki kwenye mfumo.

Namba moja ni Samsung Galaxy A16 mpya. Ilitoka 2024 na Android 14, na Samsung wameahidi kuipandisha toleo mara 6. Kwa pesa ya kawaida sijaona ahadi ndefu kama hiyo.

Namba mbili, Tecno, Infinix au itel mpya, mradi iwe Android 14 au zaidi. Hata isipopandishwa tena, bado ina miaka mingi: Android 4.4 ya 2013 ilidumu takriban miaka 10 ndipo WhatsApp ikaiacha.

Namba tatu, iPhone mtumba, kuanzia 11. iPhone 7 imekwama iOS 15, yaani ipo ukingoni kabisa. XR inaishia iOS 18.

Android mtumba naiweka mwisho, kwa sababu ya udanganyifu. Kuna simu feki zimeflashiwa, yaani programu yake imechezewa, zikaandika Android 13 wakati ndani ni ya zamani kabisa. Vitochi janja vya KaiOS (mfumo wa simu za batani) usiguse kama shida yako ni WhatsApp, huko imeshaondolewa.

Ukiwa dukani, fungua Mipangilio, kisha Kuhusu Simu, usome toleo. Piga *#06#, linganisha namba za utambulisho wa simu (IMEI) zitakazotokea na za kwenye boksi. Halafu weka laini yako, washa bando, pakua WhatsApp papo hapo mpaka utume ujumbe na ujibiwe. Muuzaji akisema mtandao wa hapa mbovu, ukajaribie nyumbani, mrudishie simu yake.