Nyumba ya kushutia Mji Mkongwe Bagamoyo: picha kali, ila msijazane sebuleni

Nyota 4. Moja nimeibakiza kwa ajili ya bati, ntaeleza.

Tuliikodi siku 2, laki na nusu kwa siku, tukashuti filamu fupi ya majaribio, haina skripti wala staa, waigizaji 9 (wengine tumewatoa TaSUBa, chuo cha sanaa cha hapohapo Bagamoyo) wote wanamsubiri mtu ambaye haji, na kila mmoja nimemnong'oneza siri yake wenzake hawaijui. Nilitaka teki moja ya dakika 11, yaani kamera haikati, pale sebuleni. Weee! Hizi nyumba za kizamani dari lake ni boriti za mikoko, na boriti haivuki sana mita 3, kwa hiyo chumba kinakuwa kirefu kama behewa ila chembamba, nikarudi nyuma mpaka nikagota ukutani bado nawaona watu 5 tu. Lenzi pana ninayo ila wa pembeni nyuso zao zinavutika kama maboga.

Mzee anayetunza nyumba alikuwa kajikalia zake anatafuna karanga, akasema "Wanangu, mgeni husubiriwa barazani, huko ndani mnajificha nini?"

Tukahamia barazani na filamu ikapatikana palepale. Watu 9 kwa mstari, mmoja akiinuka wanasogeana, wapita njia wanatoa salamu na waigizaji wanaitikia humohumo kwenye uhusika wao, mama wa vitumbua akasimama kuuliza msiba wa nani. Imo kwenye filamu hiyo, tulimuomba ruhusa tukampa elfu 10 yake.

Ndani kuna ubaridi, kuta za matumbawe nene, poda haitiririki hata saa 7 mchana. Luku mnaweka wenyewe. Choo kimoja, pangeni zamu.

Sasa bati. Siku ya pili mvua ikashuka, maiki za kubana kwenye nguo zikajaa kelele tupu, masaa 3 yakaenda hivihivi, na mwenye nyumba kwenye simu aliniapia paa halina kelele. Kaka, bati ni bati! Ila karudisha elfu 50 bila ugomvi.

Ijumaa mchana msipange teki ndefu, na kibali cha Bodi ya Filamu muwe nacho mkononi, sisi tuliulizwa mara 2.

Mwezi ujao tunarudi. Mzee kashaanza kuuliza yeye siri yake ni ipi.