Konsoli ya Zamani Hununuliwa kwa Michezo Yake: Mwongozo kwa Mnunuzi wa Uganda

Mtu anayeingia katika duka la vifaa vya mtumba jijini Kampala kutafuta mashine ya gemu kwa ajili ya watoto wake huuliza maswali mawili: bei ni kiasi gani, na je, inawaka? Ni maswali ya haki, lakini hayatoshi. Konsoli ambayo kiwanda kimeacha kuitengeneza hatimaye huacha kuchapishiwa michezo na kampuni kubwa. Iliyokwisha kutolewa ndiyo hiyo hiyo, na kila mwaka diski nyingine hukwaruzika au kupotea. Kwa hiyo anayenunua mashine ya aina hii ananunua kwanza mkusanyo wa michezo, kisha ndipo ananunua chombo cha kuuchezea.

Wauzaji wanalijua hilo, na ndiyo maana hupenda kutaja idadi. Ukiambiwa kwamba PlayStation 2 ina michezo zaidi ya 4,000, hujadanganywa. Lakini idadi hiyo ni ya dunia nzima, na wewe uliye Jinja, Arua au Mbarara hutaifikia yote. Kabla ya kulinganisha konsoli moja na nyingine, toa kwanza michezo isiyoweza kukufikia, kisha ulinganishe ile inayobaki. Hesabu hiyo ndiyo iliyonifanya nipange konsoli nne zilizo hapa chini kwa namna ambayo huenda ikamshangaza mtu anayeamini kwamba mkusanyo mkubwa ndio bora siku zote.

Cha kwanza cha kutoa ni michezo ya kanda nyingine. Kampuni ziliigawa dunia katika kanda, nasi tuko pamoja na Ulaya katika ile iitwayo PAL. PlayStation 2 ya Ulaya haisomi diski halisi ya Marekani wala ya Japani, hata kama jina la mchezo na picha ya jalada ni vile vile. Utambulisho umo kwenye diski yenyewe: herufi SLES au SCES ni za Ulaya, SLUS au SCUS ni za Marekani, na zile zinazoanza na SLPS, SLPM au SCPS ni za Japani. Mashine nayo ina namba yake chini au nyuma. Katika PlayStation 2 tarakimu ya mwisho ikiwa 3 imetengenezewa Uingereza, 4 ni ya Ulaya bara, 1 ni ya Marekani na 0 ni ya Japani. Jambo hili lina uzito zaidi ya diski, kwa sababu umeme wetu ni wa volti 240, ilhali mashine ya Marekani ilitengenezewa volti 120 na ya Japani volti 100. Ukiichomeka ukutani bila transfoma, unaweza kuunguza mashine kabla hujaona mchezo hata mmoja.

Cha pili ni michezo ambayo haikuwahi kuuzwa nje ya Japani. Katika orodha ya PlayStation 2 sehemu hii ni kubwa: hadithi ndefu za kusomwa kwenye skrini kwa Kijapani, michezo ya mahjong, ya pachinko na mingine iliyolenga soko la huko peke yake. Inahesabiwa katika zile 4,000, lakini kwa mtoto wa Bombo asiyesoma Kijapani ni sawa na kwamba haipo.

Cha tatu huwakera wengi wakishafika nyumbani, nacho ni michezo inayotolewa upya kila mwaka. FIFA peke yake ina matoleo makuu 14 katika PlayStation 2, kuanzia FIFA 2001 hadi FIFA 14, bila kuhesabu yale ya Kombe la Dunia na ya Ulaya. Ongeza hapo mieleka ya WWE, mpira wa kikapu na magari ya mashindano, utaona jinsi michezo mia moja inavyoweza kuwa, kwa uzoefu wa mchezaji, michezo ishirini. Niliwahi kuuziwa mashine pamoja na rundo la diski 40, nikajiona nimepata neema. Nilipozipanga mezani nikakuta kandanda ndiyo iliyojaa, na matoleo mawili yalijirudia.

Cha mwisho ni michezo ambayo haikuwahi kuwekwa kwenye diski, iliyouzwa kwa kupakuliwa kupitia intaneti tu. Duka la Wii lilifungwa tarehe 30 Januari 2019, na la Xbox 360 tarehe 29 Julai 2024. Orodha zinaendelea kuitaja michezo hiyo, lakini mnunuzi wa leo hana tena mlango halali wa kuinunulia katika mashine hizo. Akiikuta, basi ni kwa sababu mmiliki wa awali aliiacha ndani.

Nafasi ya kwanza: PlayStation 3

Konsoli hii ilitoka mwaka 2006, na Sony ikasimamisha utengenezaji wake nchini Japani mwaka 2017. Ukijumlisha ya diski na ya kupakuliwa, michezo yake inapita 2,000, yaani ni michache mno kuliko ya mtangulizi wake. Hata hivyo naiweka juu, kwa sababu michezo yake ya diski haikufungwa kwa kanda. Diski iliyonunuliwa Dubai, iliyoletwa na shangazi kutoka London au iliyokuja na mzigo wa Marekani, yote inasomwa na mashine ile ile. Mchezo unaotajwa sana kwa kuvunja desturi hiyo ni Persona 4 Arena, na sidhani kwamba utaukuta katika maduka yetu. Filamu za DVD na Blu-ray pamoja na diski za PlayStation ya kwanza bado zina kanda zake, lakini michezo ya PS3 yenyewe iko huru. Katika soko kama letu, ambamo bidhaa huingia kutoka pande zote za dunia bila mpangilio, uhuru huo una thamani kuliko maelfu ya majina yaliyoandikwa kwenye orodha.

Mkusanyo wenyewe ni mpana. Wapenda kandanda wanapata FIFA 08 hadi FIFA 19, matoleo 12, na hilo la mwisho linamwonyesha Cristiano Ronaldo akiwa amekwisha kuhamia Juventus. Yaliyomo katika matoleo ya mwisho hayakubadilishwa sana isipokuwa vikosi na jezi, kwa hiyo hakuna haja ya kuwa na zaidi ya mawili. Kwa anayetaka hadithi za kuchezwa peke yake kuna mfululizo wa Uncharted na The Last of Us ya mwaka 2013, iliyotoka mwaka mmoja na Grand Theft Auto V. Kwa magari kuna Gran Turismo 5 na 6. Mzazi na asome alama ya umri kwenye jalada, kwa kuwa mingi ya hiyo maarufu imewekewa 18.

Kuna dai moja la wauzaji ambalo mnunuzi hana budi kulipima mwenyewe, kwamba PS3 inacheza diski za PS2. Ni kweli kwa baadhi ya mashine za mwanzo tu, zile nene zenye matundu manne ya USB mbele. Yenye matundu mawili haichezi, hata muuzaji aape. Nami nisingeishauri familia kuzifuata hizo za mwanzo, kwa sababu zinajulikana kwa kupata joto kupita kiasi na kufa zikiwa zimewasha taa ya njano. Chukua ile nyembamba iliyoanza kuuzwa mwaka 2009 au ile ya mwaka 2012. Zote zina tundu la HDMI kwa televisheni za sasa, diski ngumu ya ndani ya kuhifadhia michezo hubadilishwa na fundi yeyote mwenye bisibisi, na pedi huchajiwa kwa waya wa USB, kwa hiyo hakuna gharama ya betri za kila wiki.

Nafasi ya pili: PlayStation 2

Huyu ndiye mfalme kwa idadi. Ilianza kuuzwa Japani tarehe 4 Machi 2000, ikaacha kutengenezwa mwanzoni mwa mwaka 2013, na kwa kuwa mashine zilizouzwa zilizidi milioni 155, hakuna kampuni iliyotaka kukosa kuiandikia mchezo. Ukubwa wa mkusanyo wake hauna kifani kwa aina: San Andreas, Gran Turismo 3 na 4, God of War mbili, Need for Speed Underground, Tekken 5, Resident Evil 4, Final Fantasy X, na mamia ya michezo midogo ya watoto iliyotengenezwa kwa haraka kutokana na filamu za katuni. Mingi kati ya hiyo midogo ni dhaifu, na tusifiche hilo. Lakini mchezo dhaifu wa shilingi chache mara nyingi ndio unaompendeza mtoto wa miaka saba. Zaidi ya hayo, mashine hii husoma karibu michezo yote ya PlayStation ya kwanza ya kanda yake, hivyo anayeinunua anapata mikusanyo miwili kwa pamoja.

Kinachoishusha ni makato niliyoyaeleza, pamoja na uzee. Lenzi ya kusomea diski imechoka katika mashine nyingi, na diski zake ni za aina mbili: DVD za rangi ya fedha, na CD zenye upande wa chini wa buluu zilizotumika kwa baadhi ya michezo ya miaka ya mwanzo. Lenzi iliyochoka huweza kusoma aina moja na kushindwa nyingine, kwa hiyo jaribu zote mbili dukani. Mashine nyingi mitaani zimefungwa chipu na huuzwa na diski za kunakili. Chipu huondoa kizuizi cha kanda, lakini diski za kunakili zinavunja Sheria ya Hakimiliki ya Uganda ya mwaka 2006, na juu ya hayo nyingi huchomwa vibaya na kuisumbua lenzi. Hakikisha pia kuna kadi ya kumbukumbu ya megabaiti 8, kwa kuwa bila hiyo kila umeme ukikatika au Yaka (umeme wa kulipia kabla) ikiisha, mtoto anaanza upya. Mwenye bajeti ndogo na televisheni ya zamani yenye matundu ya nyekundu, nyeupe na njano anaweza kuigeuza nafasi hii kuwa ya kwanza, nami sitambishia.

Nafasi ya tatu: Xbox 360

Microsoft iliitoa Novemba 2005, ikatangaza Aprili 2016 kwamba haiitengenezi tena. Michezo yake nayo inapita 2,000, na sehemu kubwa ya ile maarufu ni ile ile ya PS3. Tofauti imo katika michezo ya kwake peke yake, kama Halo 3, Gears of War na Forza Motorsport, pamoja na ile ya Kinect (kamera inayofuata mwendo wa mchezaji), ambayo huchezwa kwa mwili mzima na inahitaji sebule yenye nafasi ambayo vyumba vyetu vingi vya kupanga havina. Kizuizi cha kanda kiliachiwa kila mchapishaji aamue, kwa hiyo mnunuzi hulazimika kukagua diski moja moja. Diski zenyewe ni DVD, na mchezo mkubwa huhitaji zaidi ya moja: Grand Theft Auto V ina mbili, ya kwanza ikiwa ya kupakia tu, na inataka nafasi ya gigabaiti 8. Mashine ya gigabaiti 4 haiwezi kuupokea bila hifadhi ya ziada.

Epuka kabisa mashine za kwanza nyeupe. Taa tatu nyekundu zilizozunguka kitufe chake ziliifanya Microsoft iongeze dhamana hadi miaka mitatu mwaka 2007, na dhamana hiyo imekwisha zamani. Tafuta ile ya mwaka 2010 au 2013. Pedi zake zisizo na waya hutumia betri mbili za AA, kwa hiyo weka gharama hiyo katika hesabu.

Nafasi ya nne: Wii

Wii iliuza zaidi ya mashine milioni 101, na michezo yake inazidi 1,500, lakini uzuri wake umekusanyika mahali padogo. Wii Sports, Mario Kart Wii na michache mingine ya Nintendo ni bora kwa babu, wajukuu na wageni wa Idi au Krismasi. Nje ya hapo kuna msitu wa michezo ya haraka haraka. Imefungwa kwa kanda bila huruma. Mimi mwenyewe niliinunua moja kwa mfanyabiashara aliyeiagiza kutoka Japani, na nilipoweka diski ya Ulaya ikaikataa papo hapo. Ikanilazimu kutafuta adapta ya umeme ya kwetu na diski za Kijapani ambazo sikuzielewa. Mashine za mwanzo, zenye matundu manne ya pedi chini ya kifuniko cha juu, husoma pia diski ndogo za GameCube, konsoli ya Nintendo iliyoitangulia Wii, na kama utainunua Wii, nunua hiyo.

Nintendo 64, yenye michezo 388 tu ya kaseti, na Dreamcast, iliyositishwa mwaka 2001, nimeziacha nje. Ni vitu vya wakusanyaji, na diski au kaseti zake haziokotwi kirahisi Kampala.

Ukienda dukani, beba diski yako halisi unayojua kuwa ni nzima, kwa sababu ya muuzaji huenda ndiyo pekee mashine yake inayoisoma. Cheza kwa dakika ishirini, hifadhi mchezo, zima, washa tena, uone kama kumbukumbu imebaki. Achia fimbo za pedi bila kuzigusa na utazame kama mchezaji anatembea peke yake. Kisha mwombe muuzaji aandike katika risiti namba kamili ya mashine, idadi ya diski kwa majina yake, na siku ulizopewa za kuirudisha.