Blue Monday haikatwi katikati

Siku kadhaa zimepita na hasira bado haijanitoka. Usiku wa new wave, ule muziki wa miaka ya themanini, tena hapa Manchester, mji wa bendi ya New Order wenyewe, DJ anaikata Blue Monday, wimbo wao, kabla mwimbaji hajafungua mdomo!

Anayeujua wimbo ule anajua. Ngoma ya mashine inakugonga kifuani, vinanda vinaingia kimoja kimoja, na unangoja zaidi ya dakika mbili ndipo usikie sauti ya mtu. Kule kungoja ndiko raha yenyewe. Walipoutoa 1983 kwenye sahani ya inchi 12 waliuachia dakika saba na ushee, watu wacheze. Mimi niliujulia Tanga, kwenye kanda ambayo kaka aliletewa na rafiki yake baharia, tukaisikiliza mpaka utepe ukasagika.

Sasa ukumbi umejaa, nimefumba macho, mara kimya. Taa zikawashwa, ikatangazwa besdei ya mtu, kisha ikawekwa pop ya majuzi. Nikamfuata DJ, nikamwomba kwa adabu kabisa aurudie baadaye. Hakuvua hata hedifoni. Alinipungia mkono kama anayefukuza kuku, akasema nyimbo ndefu zinachosha watu. Watu gani? Mama mmoja wa makamo, glavu nyeusi za lesi hadi kwenye viwiko, aliyecheza tangu milango ifunguliwe, alikuwa amesimama pale katikati, mikono inaning'inia.

Baada ya hapo kila kitu kikaniudhi: bia ya uvuguvugu, foleni ya chooni, baunsa wa mlangoni na sura yake ya kununa. Labda bia ilikuwa hivyohivyo tangu mwanzo, sikuijali tu. Maana saa ya kwanza, nisiseme uongo, ilikuwa tamu mno: Human League, Yazoo, Depeche Mode, zimeunganishwa huoni mshono, na vijana waliozaliwa juzi wanaimba neno kwa neno.

Nilikaa niandike msiende kabisa kwenye usiku huo. Lakini yule mama, tukiwa kwenye foleni ya makoti, alianza kuipiga ile ngoma kwa kisigino. Mwingine akaguna besi. Tukawa sita, saba, tukauimba wimbo hadi mwisho, makoti mikononi, na hakuna aliyekuwa na haraka ya kutoka mvuani.

Basi nendeni. Mimi pia nitakwenda tena. Ila DJ yule simsamehe.