Mche wa mchaichai wa shilingi 2,000 na boksi la dukani la shilingi 6,500

Mwishoni mwa Februari mwaka jana, wiki chache kabla ya masika, nilinunua vitu viwili kwa siku moja jijini Dar es Salaam, vyote kwa nia ya kupata chai ya mchaichai nyumbani kila jioni. Cha kwanza kilikuwa boksi la vipakiti 20 vya mchaichai mkavu, nililolipia shilingi 6,500 katika duka kubwa la vyakula. Cha pili kilikuwa mche mmoja ndani ya kiriba cheusi, wenye mashina matatu tu, niliouziwa shilingi 2,000 na kijana mwenye kitalu kando ya Barabara ya Bagamoyo. Boksi lilikwisha ndani ya wiki tatu, ilhali mche naendelea kuuvuna mpaka leo, na tofauti niliyoiona baina ya vitu hivi viwili ni kubwa kiasi kwamba nimeona ni haki kuieleza kwa yeyote anayekusudia kutumia fedha zake kwa ajili ya kinywaji hiki.

Nianze na boksi. Jina la kampuni silitaji, kwa kuwa nimejaribu boksi lao moja tu na huenda mzigo mwingine ni bora kuliko ule. Nilipokichana kipakiti kimoja ili nione kilichomo, nilikuta chembechembe laini za rangi ya majani makavu ya kuezekea, na nilipozisugua baina ya vidole sikupata harufu ya limau hata kidogo. Hata hivyo, kipakiti kizima kilipotiwa katika maji ya moto kilitoa harufu kali ya limau ambayo ilitoweka kabla ya kikombe kupoa, ikaacha ladha ya nyasi na uchungu kidogo kwenye ulimi. Jambo hilo lilinishangaza mpaka niliposoma maandishi madogo yaliyo ubavuni mwa boksi, ambako viungo viliorodheshwa kuwa ni mchaichai pamoja na ladha ya limau iliyoongezwa. Mama mkwe wangu, ambaye amekulia Pemba na kunywa mchaichai tangu utotoni, alikunywa kikombe kimoja chote kwa heshima ya mwenyeji, kisha akaniambia taratibu, "Mwanangu, majani haya yamechoka."

Kuchoka huko kuna sababu. Harufu ya mchaichai hutokana na mafuta yaliyomo ndani ya jani, na sehemu kubwa ya mafuta hayo ni sitrali, kemikali ileile inayoipa harufu ganda la limau. Mafuta haya ni mepesi na hupaa haraka yakipata joto. Ndiyo maana kule Wawi, Chake Chake, kwenye kiwanda cha mafuta ya mimea cha Shirika la Biashara la Taifa la Zanzibar, mvuke ndio unaotumika kuyatoa majanini. Jani zima huyahifadhi mafuta yake vizuri, lakini jani lililosagwa likawa kama vumbi limekwisha kufunguliwa kila upande, na kila siku linayokaa ghalani, kwenye lori na kwenye rafu ya duka linapungukiwa. Kipakiti kidogo cha karatasi hakiwezi kutiwa jani zima, kwa hiyo kasoro hii imo katika umbo lenyewe la bidhaa, na sidhani kwamba kampuni ingeweza kuikwepa kwa kuongeza ladha ya chupa.

Kuhusu mche, huduma niliyoipata kitaluni ilistahili zaidi ya shilingi 2,000. Nilikuwa nimekwisha kuchagua kiriba chenye majani marefu na mengi kuliko vingine, na mkono umo kwenye pochi, kijana alipoinama akapangua udongo wa juu kwa kidole. "Dada, tazama hapa chini," alisema, akanionyesha kuwa vitako vya mashina vilikuwa na wekundu wa zambarau. "Huu ni wa mbu, si wa chai." Alikuwa anazungumzia ndugu wa mchaichai ambaye mafuta yake hutumika kufukuzia mbu, na ambaye kwa mtu asiyejua anafanana nao kabisa. Kisha akanipa kiriba kingine, kidogo na chenye majani machache, ambacho vitako vyake vilikuwa vyeupe vyenye ukijani, akakata ncha ya jani moja na kunisugulia kiganjani. Harufu ile niliibeba mpaka nyumbani. Kijana huyo angeweza kuniuzia ule mrefu na mimi nisingejua mpaka siku ya kuunywa. Kwa uaminifu wake huo nimemrudia mara mbili kwa ajili ya mnanaa na mrehani.

Nyumbani niliuhamishia kwenye beseni kuukuu nililolitoboa matundu chini, lenye udongo uliochanganywa na samadi ya ng'ombe ya shilingi 3,000, nikaliweka mahali panapopata jua kutwa. Kwa wiki mbili za mwanzo ncha za majani zilikauka na kugeuka rangi ya kahawia, nami nikadhani nimekwisha kuuua. Mvua ziliponyesha ulianza kutoa machipukizi pembeni, na ilipofika Julai nilihesabu mashina 19 mahali palipokuwa na matatu. Tangu hapo nakata majani ya nje kila ninapohitaji, urefu wa kiganja kimoja kutoka kwenye udongo, nikiyaacha yale machanga ya katikati yaendelee kukua. Kasoro ya mmea huu, na ni kasoro ya kweli, ni ukali wa kingo za majani yake. Ukipitisha kidole kutoka ncha kuelekea shinani utachanika kama vile umeshika wembe, na mimi nilichanika siku ya kwanza kabla ya kujifunza kulikusanya fungu kwa kitambaa mkono wa kushoto na kukata kwa kisu mkono wa kulia. Aidha, majani makavu yanayobaki katikati ya kichaka lazima yaondolewe mara kwa mara, la sivyo kichaka hujisonga chenyewe.

Upishi ndio uliobadilisha kabisa maoni yangu kuhusu kinywaji hiki, kwa sababu kwa miaka mingi nilikuwa nachemsha majani kwa muda mrefu kwenye sufuria iliyo wazi, nikiamini kwamba kadiri yanavyochemka ndivyo chai inavyokolea. Mama mkwe alinisahihisha. Yeye huchukua majani matano mabichi kwa lita moja ya maji, huyaosha, huyakunja yote pamoja na kuyafunga fundo moja la kukaza. Fundo hilo lina kazi mbili, kwani huyavunjavunja majani ili mafuta yatoke na wakati huohuo huyaweka pamoja ili chujio lisihitajike. Maji hutangulia kuchemka peke yake. Fundo likishatumbukizwa, moto hupunguzwa na sufuria hufunikwa kwa dakika tano, kisha huepuliwa na kuachwa ikiwa bado imefunikwa kwa dakika kumi nyingine. "Funika, mwanangu, harufu isiishie jikoni," ndivyo aliniambia nilipotaka kuchungulia. Ukifunua baada ya hapo utaona matone ya maji yaliyoganda upande wa ndani wa kifuniko, na ukiyanusa utagundua kwamba yana harufu kali kuliko chai yenyewe. Yarudishe sufuriani kwa kukiinamisha kifuniko, wala usiyapanguse.

Chai inayotoka hapo ina rangi ya manjano hafifu yenye ukijani, nyepesi kiasi cha kumfanya asiyeizoea adhani haijaiva, lakini ladha yake hukaa mdomoni mpaka baada ya kumeza. Kitako cheupe cha shina kina nguvu zaidi, na kikipondwa kwenye kinu pamoja na kipande cha tangawizi hutoa chai ya kunywewa wakati wa mvua. Mimi naipenda bila maziwa, kwa kijiko kimoja cha sukari, pamoja na mkate wa kumimina. Anayetaka kutia majani ya chai ya kawaida atie, ila ajue kwamba atakuwa ameongeza kafeini kwenye kinywaji ambacho chenyewe hakina, na kwangu mimi ninayekunywa saa tatu usiku hilo ni jambo la kuzingatia.

Nimejaribu pia kuyakausha majani yangu mwenyewe, ili ulinganisho na boksi uwe wa haki. Niliyakata vipande vya urefu wa pingili ya kidole kwa mkasi, nikayatandaza kwenye ungo kivulini, kwa kuwa jua kali huyafubaza na kuyapunguzia harufu, na siku ya nne yalikuwa yanavunjika yakikunjwa. Nikayatia kwenye chupa ya kioo yenye kifuniko cha kubana. Kwa miezi miwili ya kwanza yalikaribia sana majani mabichi, na ilipofika mwezi wa nne yalikuwa yamepungua waziwazi, ingawa bado yaliyashinda yale ya boksi. Kwa gharama, kikombe kimoja cha boksi kilinigharimu shilingi 325, wakati mche na samadi yake viligharimu 5,000 kwa mavuno ambayo nimeacha kuyahesabu.

Sehemu ya boksi niliyoichukia hasa ni madai yaliyoandikwa mbele yake kwa herufi kubwa, kwamba chai hiyo husafisha damu, huondoa kitambi na hushusha shinikizo la damu. Mtu mwenye shinikizo la damu anayesoma maneno hayo na kuacha dawa zake anaweza kupoteza maisha, na hakuna muuzaji wa chai anayestahili kuuza kwa hatari ya namna hiyo. Mchaichai ni kinywaji kizuri, na uzuri wake unatosha kuuzwa ulivyo. Mjamzito, au mtu anayetumia dawa kila siku, amuulize mhudumu wa afya kwanza kabla ya kuufanya mazoea.

Boksi nalipa alama mbili kati ya tano, na hizo mbili ni kwa ajili ya msafiri anayelala hotelini na kupewa maji ya moto tu. Mche naupa nne na nusu, nikiwa nimepunguza nusu kwa sababu ya vidole vyangu. Kwa aliyepanga chumba kisicho na ua wala kibaraza, iko njia ya tatu: anunue fungu bichi sokoni, lakini achague lenye mashina mazima yenye vitako, aache lile la majani matupu. Majani atayanywa, na mashina mawili au matatu atayasimamisha ndani ya glasi ya maji dirishani, akiyabadilisha maji kila siku. Niliyoyajaribu mimi yalitoa mizizi siku ya tisa, nikayahamishia kwenye kopo la rangi la lita nne, na sasa yana majani ya kutosha sufuria ndogo kila wiki.