Siagi ya Pilipili: Chupa ya Dukani na Gogo la Jikoni Kwangu

Chupa ni ya kioo, ina mdomo mpana na kifuniko cha bati, na ndani yake zimo gramu 180 za siagi iliyotiwa pilipili, kitunguu saumu kibichi, binzari nyembamba na chumvi. Niliinunua kwa shilingi 14,000 katika duka dogo la bidhaa za wajasiriamali huko Mikocheni, Dar es Salaam, nikaitumia kwa wiki tatu hadi ikaisha, kisha nikajaribu mara kadhaa kutengeneza ya kwangu kabla ya kurudi dukani kutazama chupa nyingine. Ninachokusudia kutathmini ni bidhaa hiyo ya dukani, lakini siwezi kuitendea haki bila kueleza yaliyonikuta jikoni, kwa sababu ni jiko langu lililonifundisha kilichokuwa kimeipata chupa ile kabla haijafika mikononi mwangu.

Nitaanza na sifa inayostahili. Mjini kwetu neno siagi limebebeshwa mzigo mzito: kila kitu cha njano kinachopakwa kwenye mkate huitwa siagi, hata kikiwa majarini ya mafuta ya mimea. Ndiyo maana nilipofika nyumbani, kabla sijaonja, niliweka kijiko kimoja kwenye kikaango kikavu juu ya moto mdogo. Ilitoa povu jeupe, ikatulia, na chini zikabaki chembechembe za rangi ya hudhurungi zenye harufu inayokaribia ya korosho zinazokaangwa. Hizo ni chembe za maziwa, na majarini ya mafuta matupu ya mimea haina za kutoa. Siagi halisi, kwa viwango vya kimataifa vya chakula, haipungui asilimia 80 ya mafuta ya maziwa na maji yake hayazidi asilimia 16. Sina maabara ya kupima hayo, lakini kikaango kiliniridhisha kwamba mtengenezaji hakunichezea. Binzari nyembamba nayo ilikuwa imekaangwa kabla ya kusagwa, jambo ambalo wengi hulisahau, na harufu yake ndiyo ilinifanya niendelee na chupa hata nilipoanza kuinung'unikia.

Manung'uniko yalianza siku ya kwanza. Niliipaka kwenye mhogo wa kuchemsha ungali moto, nikatafuna nikisubiri ukali, nisiuone. Kulikuwa na chumvi, kulikuwa na harufu ya kitunguu saumu, lakini pilipili ilikuwa kama mgeni aliyepiga hodi akaondoka kabla ya kufunguliwa mlango. Kwa wiki mbili niliamini kwamba nimelipa shilingi 14,000 kwa siagi ya chumvi. Wiki ya tatu, kijiko kilipofikia sentimita mbili za mwisho, mdogo wangu alipaka kwenye chapati kama alivyokuwa amezoea kupaka, akang'ata mara moja, akaondoka mezani bila kusema neno. Nilimkuta jikoni amemaliza glasi mbili za maji na bado machozi yanamtoka. Maji hayasaidii: kapsaisini, ambayo ndiyo inayowasha katika pilipili, huyeyuka vizuri katika mafuta lakini si katika maji, kwa hiyo maji huisambaza tu mdomoni. Alitulia alipokunywa maziwa. Nilipoiinua chupa nikaiangalia kwenye mwanga wa dirisha, niliona jambo ambalo lebo pana ilikuwa imelificha: utepe mwekundu uliokolea chini kabisa, na juu yake mabaki ya siagi iliyopauka. Nilihitimisha kwamba aliyechanganya alikuwa mvivu. Nilikuwa nimemwonea.

Jaribio langu la kwanza halistahili maneno mengi. Nilitia siagi laini na pilipili mbuzi mbichi kwenye blenda, na maji ya pilipili yakagoma kuungana na mafuta, yakakaa juu kama jasho. Mara ya pili niliyeyusha siagi yote, gramu 250, nikatia pilipili, nikaacha igande kwenye friji. Ukali ulikuwa mzuri, ila siagi ilitoka na chengachenga kama uji wa mtama uliosagwa vibaya, kwa kuwa siagi ikishayeyuka kabisa, maji na mafuta yake hutengana, na inapoganda tena hairudii ulaini wake wa awali.

Mara ya tatu ndiyo iliyofaulu. Utaratibu wake ni kuigawa siagi mafungu mawili: dogo hupata moto, kubwa halipati. Kutoka genge la mtaani nilichukua fungu moja la pilipili kichaa, nikatumia nne, pamoja na pilipili mbuzi moja iliyoiva ambayo niliipasua na kuondoa ule utando mweupe unaoshikilia mbegu. Watu hulaumu mbegu, lakini ukali mwingi umo kwenye utando huo, na mbegu huukopa kwa kugusana nao. Ukiondoa utando, pilipili mbuzi hukuachia harufu yake, ile inayokaribia tunda, bila kukuadhibu. Niliziponda kwenye kinu pamoja na punje tatu za kitunguu saumu na chumvi kijiko kidogo cha chai kisichojaa. Nilikata gramu 50 za siagi isiyo na chumvi, nikaiyeyusha kwenye sufuria ndogo kwa moto wa chini kabisa, nikatia mchanganyiko wangu na kukoroga kwa dakika sita hivi.

Hapo kinachohitajika ni sikio zaidi ya jicho. Mwanzoni siagi hutatarika kwa sababu maji ya pilipili na kitunguu yanatoka. Mtatariko ukipungua na povu likawa dogo, maji mengi yameondoka na ukali umeingia kwenye mafuta, ambayo sasa yana rangi ya mawese mepesi. Ukiendelea zaidi ya hapo, chembe za maziwa huungua na uchungu wake hauondoki kwa sukari wala kwa ndimu. Niliacha sufuria ipoe hadi nilipoweza kuweka kiganja chini yake bila kushtuka, ndipo nikamimina kidogo kidogo juu ya gramu 200 zilizobaki, ambazo zilikuwa zimelainika mezani lakini hazijayeyuka, huku nikizipiga kwa mwiko. Nilimalizia kwa binzari nyembamba iliyokaangwa, nikiiga chupa ya dukani bila aibu, na ganda la ndimu moja lililokwaruzwa juu juu. Maji ya ndimu sikutia, maana yangerudisha tatizo la blenda. Kisha nikaiviringisha kwenye karatasi ya kuokea ikawa gogo, nikaiweka kwenye friji.

Vitabu vingi vya mapishi husema siagi iachwe mezani saa nzima ilainike. Aliyeandika hivyo hakuwa akiishi Dar es Salaam mwezi wa Februari. Siagi huanza kuyeyuka kabisa inapofika nyuzijoto 32 hadi 35, na jikoni kwangu mchana, jiko likiwa limewashwa, joto hilo si la kutafuta. Dakika 15 zinatosha; ukipokea simu ndefu utakuta umetengeneza mchuzi.

Jaribio la nne lilikuwa sawa na la tatu, ila safari hii niliiweka siagi kwenye chupa ya kioo badala ya karatasi, na kesho yake asubuhi umeme ukakatika hadi usiku. Niliporudi kutoka kazini siagi ilikuwa kimiminika. Umeme uliporudi iliganda tena, nami nilipoitoa siku iliyofuata nilijikuta nimeishika chupa ya Mikocheni: chini utepe mwekundu uliokolea, juu siagi iliyopauka isiyo na makali. Vipande vya pilipili ni vizito kuliko mafuta. Siagi ikiyeyuka huzama, na ikiganda hubaki huko huko. Mtengenezaji wa ile chupa hakuwa mvivu hata kidogo. Bidhaa yake ilikuwa imeyeyuka na kuganda upya, labda zaidi ya mara moja, kabla sijailipia.

Nilirudi dukani na kwa mara ya kwanza nikatazama mahali zinapowekwa. Chupa tisa zilikuwa zimepangwa kwenye rafu ya mbao karibu na dirisha, kati ya asali na achari ya maembe. Saba zilikuwa na ule utepe. Nilimuuliza kijana aliyekuwa anauza kama hazitakiwi kukaa kwenye friji, hasa kwa kuwa friji ya vinywaji ilikuwa hatua mbili kutoka hapo.

“Usiwe na wasiwasi, dada,” alinijibu kwa upole. “Hiyo ina pilipili na chumvi, haiharibiki. Jioni tukiwasha kiyoyozi inaganda yenyewe.”

Nilinunua moja kwa ajili ya tathmini hii, ila sikuila, na sababu ni kitunguu saumu kibichi. Kitunguu saumu hukua ardhini na huweza kubeba mbegu za bakteria wa botulizimu, ugonjwa wa sumu ya chakula unaoweza kuua. Ukikizamisha kwenye mafuta umekinyima hewa, na bakteria hao hustawi mahali pasipo hewa penye joto, wakitoa sumu ambayo haibadilishi harufu wala ladha ya chakula. Mwaka 1985, katika jiji la Vancouver nchini Kanada, watu 36 waliugua kwa kula kitunguu saumu kilichohifadhiwa kwenye mafuta bila ubaridi. Siagi ina chumvi na si mafuta matupu, na sidai kwamba chupa zile zina sumu. Ninachosema ni kwamba lebo yenye maneno “hifadhi mahali pakavu” haitoshi kwa bidhaa ya namna hiyo katika jiji la joto kama letu. Kukikaanga kitunguu kama nilivyofanya hakumalizi hatari hiyo, kwa hiyo hata gogo langu halikai nje: friji yenye nyuzijoto zisizozidi 4 kwa wiki moja, na linalobaki hukatwa vipande na kwenda kwenye friza.

Kwa upande wa bei, siagi ya gramu 250 niliipata kwa shilingi 11,500, na pilipili, ndimu na kitunguu havikufika shilingi 1,500. Kwa shilingi 13,000 nimepata gramu zaidi ya 250 zenye ukali ulio sawa kutoka kipande cha kwanza hadi cha mwisho, ingawa sijahesabu gesi wala zile siagi mbili nilizoharibu.

Matumizi yake yameniongezea chumvi mwilini kuliko ninavyopenda kukiri. Kwenye samaki changu wa kuchoma, kipande chembamba huwekwa samaki akishatoka motoni, kwa maana kukaangia siagi hii ni kuichoma. Kwenye mahindi nilikwenda na kipande changu kwa mama anayechoma kwenye kona ya mtaa wetu, ambaye hupaka ndimu, chumvi na pilipili ya unga. Aliniruhusu nipake cha kwangu, akaonja ncha ya hindi, akasema ni tamu lakini inachuruzika mikononi, wateja wake watamlaumu kwa mashati. Alikuwa sahihi, hata langu lilipata doa.

Kuhusu chupa ya Mikocheni, mapishi yake nayapa alama nzuri na uhifadhi wake sifuri. Dukani hapo iinue kwenye mwanga kwanza, na ukiona utepe mwekundu irudishe kwenye rafu. Wakiihamishia kwenye ile friji ya vinywaji na kukikaanga kitunguu, nitakuwa mteja wao tena, maana binzari yao bado inaishinda yangu.