Mahekalu ya Angkor: ziara ipi ulipie, ipi uiache

Wengi wanaopanga safari ya Siem Reap, mji wa Kambodia ulio jirani na mahekalu ya kale ya Angkor, huanza kwa kuulizia gari. La kiyoyozi au tuktuk? Dereva ni nani? Mimi naona hilo lisubiri. Barabara za Angkor ni za lami na tambarare, na kutoka mjini hadi Angkor Wat ni kama kilomita sita tu. Chombo chochote kizima kitakufikisha. Kinachoamua kama siku yako itakuwa na maana ni mtu utakayesimama naye mbele ya ukuta wa jiwe, akakuonyesha kilichochongwa pale, nani aliagiza kichongwe, na kwa nini baadaye mwingine alikuja kukifuta kwa patasi.

Kwa hiyo hapa nimepanga aina za ziara kwa kipimo kimoja: katika pesa unayotoa, kiasi gani kinamlipa mwongozaji mzuri, na kiasi gani kinaishia kwenye mafuta, kamisheni na chakula cha mchana ambacho hukukichagua.

Kabla ya hayo, tiketi. Haimo kwenye bei nyingi za ziara, na ndipo wengi hushtuka. Tiketi ya siku 1 ni dola 37, ya siku 3 dola 62, ya siku 7 dola 72. Ya siku 3 hailazimu siku kufuatana, una siku 10 za kuitumia. Ya siku 7 una mwezi mzima. Watoto wa chini ya miaka 12 hawalipi, ila beba pasipoti zao. Mwuzaji ni mmoja tu, Angkor Enterprise, kwenye kituo chake kilicho nje kidogo ya mji au kwenye tovuti yake, na tiketi huwa na picha ya uso wako. Mtu akikuuzia tiketi "iliyobaki na siku moja", amekuuzia karatasi. Katika kila tiketi dola 2 huenda kwenye hospitali za watoto za Kantha Bopha, jambo ambalo lilinipunguzia uchungu wa bei.

Nunua ya siku 3. Anayejilazimisha kumaliza Angkor kwa siku moja huondoka amechoka na mawe yote yamefanana machoni pake.

Nafasi ya 1: mwongozaji mwenye leseni uliyemkodi mwenyewe, na tuktuk uliyoikodi kivyake

Waongozaji wa Angkor hupewa leseni na Wizara ya Utalii. Huvaa sare na kitambulisho, na ni wao tu wanaoruhusiwa kukuelezea ndani ya mahekalu. Anayeongea Kiingereza hutoza kwa kawaida kati ya dola 30 na 45 kwa siku, kwa kikundi chenu chote, si kwa kichwa. Alfajiri na mahekalu ya mbali huongezewa kidogo. Wapo wa Kifaransa pia, na msomaji wa Bujumbura au Lubumbashi aliyesomea Kifaransa asijibane na Kiingereza. Ila lugha yenye waongozaji wachache hupanda bei na inataka kuwekewa nafasi mapema. Tuktuk ya huko, pikipiki inayovuta kigari cha abiria wanne, ni dola 15 hadi 25 kwa siku.

Tufanye hesabu ya watu wawili kwa siku tatu. Tiketi dola 124. Mwongozaji siku mbili, tuseme dola 70. Tuktuk siku tatu dola 60, na nyongeza ya dola 15 kwa alfajiri na safari ya mbali. Jumla dola 269, kabla ya chakula na bakshishi. Wawili hao wakinunua kifurushi cha siku tatu cha gari na mwongozaji kila siku, watalipa zaidi kwa siku ya tatu ambayo, kwa maoni yangu, mwongozaji hahitajiki.

Nasema hivyo kwa sababu mahekalu hayalingani. Mengine yanataka kusomwa, mengine yanataka kutembelewa kimya.

Angkor Wat ni la kusomwa. Lilijengwa na mfalme Suryavarman II katika nusu ya kwanza ya karne ya 12 kwa ajili ya Vishnu, mungu wa Kihindu, na lango lake kuu linaelekea magharibi, tofauti na mahekalu mengi ya Wakhmer, watu wa Kambodia waliojenga Angkor, yanayoelekea mashariki. Kuta za veranda yake zimechongwa mfululizo, na picha zake hufuatwa ukiwa unazunguka kinyume na mwendo wa saa. Upande wa mashariki ndipo penye Kusukwa kwa Bahari ya Maziwa: miungu upande mmoja, majitu upande mwingine, wamelivuta joka Vasuki kama kamba ili bahari isukwe kama maziwa kwenye kibuyu na itoe kinywaji cha uzima. Kipande hicho peke yake kina urefu wa mita 49. Bila mtu wa kukueleza utaona safu ya watu wanaovuta kamba, utapiga picha na kupita. Nimewaona wengi wakipita.

Bayon nalo hivyo hivyo. Kila mtu huliendea kwa zile nyuso kubwa za mawe zilizo juu ya minara, kazi ya mfalme Jayavarman VII mwishoni mwa karne ya 12. Lakini uhondo uko chini, kwenye kuta za nje. Pale wamechongwa wanawake wakiuza samaki sokoni, watu wakipiganisha majogoo, wapishi jikoni, na vita vya majini dhidi ya Wacham wa Champa, ufalme jirani wa zamani uliokuwa katika Vietnam ya leo. Wazao wa Wacham wako Kambodia hadi leo na wengi wao ni Waislamu. Mjini Siem Reap kuna msikiti, na jirani yake utakula chakula halali. Mwongozaji aliyenionyesha askari wa Champa ukutani ndiye aliyenielekeza huko kwa chakula cha mchana, na mpaka leo sijala supu ya nyama iliyonikaa moyoni namna ile.

La tatu la kusomwa ni Banteay Srei, dogo, la jiwe la mchanga lenye wekundu wa waridi, lililowekwa wakfu mwaka 967. Halikujengwa na mfalme bali na Yajnavaraha, mtu wa barazani kwake. Nakshi zake ni za kina kiasi kwamba ukikaa mbali huoni kitu. Mwaka 1923 mwandishi Mfaransa André Malraux alikata vipande vyake akavibeba, akakamatwa. Liko umbali wa kama kilomita 35 kutoka mjini. Ondokeni mapema jua likiwa bado chini.

Kwa mahekalu hayo matatu, lipia mwongozaji bila kusita. Ta Prohm na Preah Khan, ambayo Jayavarman VII aliyajenga kwa kumbukumbu ya mama yake na baba yake, nenda siku ya tatu na dereva tu. Miti imeketi juu ya paa na mizizi imeshuka ukutani. Pale nilitaka kusikia ndege, sikutaka maelezo ya mtu.

Mwongozaji utamjuaje kabla hujamlipa? Mwulize maswali mawili kwa ujumbe. La kwanza: "Kesho tutaanza wapi, na kwa nini?" Mzuri atakutajia jua na umati: Bayon asubuhi, mlango wa mashariki wa Angkor Wat kukwepa msongamano, saa za kupumzika mchana. Anayekutumia orodha ya majina matupu, achana naye. La pili: "Nitaona wapi sanamu za Buddha zilizofutwa?" Jayavarman VII alikuwa Mbudha, na baada yake wafuasi wa Shiva, mungu mwingine wa Kihindu, walizichonga na kuziondoa sanamu nyingi za Buddha kwenye kuta, Preah Khan na Ta Prohm zimejaa alama hizo. Aliyeyasoma mawe yake atakujibu papo hapo.

Na mwambie wazi kwamba hutaki kupelekwa madukani. Hayo yaandikwe kwenye ujumbe, yasibaki mdomoni.

Nafasi ya 2: kampuni ya wenyeji, gari na mwongozaji pamoja

Ukisafiri na wazazi wazee au watoto wadogo, ipandishe hii iwe ya kwanza. Joto la Machi na Aprili ni kali, na gari la kiyoyozi kati ya hekalu na hekalu ndilo litakaloamua kama mama ataendelea au atarudi hotelini. Kwa watoto ujue pia kwamba walio chini ya miaka 12 hawaruhusiwi kupanda Bakan, ngazi ya juu kabisa ya Angkor Wat, na kwamba sehemu hiyo hufungwa siku takatifu za Kibudha. Mwulize mwuzaji tarehe hizo kabla hujalipa.

Aina hii pia ndiyo ya kuchukua kwa safari za mbali. Koh Ker, uliokuwa mji mkuu wa Jayavarman IV katika karne ya 10, una piramidi ya ngazi yenye urefu wa mita 36, na uliingizwa kwenye orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2023. Uko zaidi ya kilomita 100 kutoka mjini na una tiketi yake. Njiani hupitiwa Beng Mealea, hekalu lililoanguka na kumezwa na msitu. Huko msitoke kwenye njia iliyosafishwa: maeneo ya mbali ya Kambodia bado yana mabomu ya ardhini yaliyobaki kutoka vitani.

Preah Vihear, hekalu la mlimani kwenye mpaka wa Thailand, lina sifa kubwa, lakini mapigano ya mwaka 2025 yalifika mpaka huo. Mtu akikuuzia ziara yake kwa bei nzuri, kwanza soma tahadhari za safari za wakati huo. Vivyo hivyo kwa anayetaka kuingia Kambodia kwa basi kutoka Bangkok: vituo vya mpakani vilifungwa mwaka huo, kwa hiyo hakikisha kabla ya kulipa nauli, au panda ndege.

Nafasi ya 3: kikundi kidogo

Hii si ziara binafsi, lakini kama unasafiri peke yako hesabu inaiunga mkono. Utalipa dola 15 hadi 25 pamoja na tiketi yako, utakuwa na watu kumi hivi, na mwongozaji mwenye leseni. Utakosa kukaa nusu saa mbele ya ukuta mmoja. Ichukue siku ya kwanza, na ukimpenda mwongozaji, mwombe akuongoze peke yako siku ya pili.

Nafasi ya 4: dereva wa tuktuk bila mwongozaji

Madereva wa Siem Reap ni watu waungwana na wanajua njia zao, lakini atakushusha langoni na kukusubiri chini ya mti. Kisheria hawezi kuingia kukueleza. Ni ununuzi mzuri kwa siku ya tatu niliyoitaja. Kwa siku ya kwanza, hapana.

Nafasi ya mwisho: kifurushi cha kila kitu ulichonunua ukiwa nyumbani

Niliwahi kununua cha namna hii kwa siku ya kwanza, kwa sababu niliogopa kufika bila mpango. Bei ilikuwa zaidi ya mara mbili, tiketi haikuwemo ingawa nilidhani imo, na saa mbili zilipotea kwenye karakana ya vito na mgahawa wa watalii. Mwongozaji alikuwa kijana mwenye maarifa mengi, na alinieleza kwa upole kwamba kinachomfikia yeye ni sehemu ndogo sana. Ndipo nilipoanza kumkodi mtu moja kwa moja. Kibaya zaidi ni ziara ya siku moja kutoka mji mkuu, Phnom Penh: zaidi ya kilomita 300 kwenda, hizo hizo kurudi, na katikati saa chache za jua kali.

Mambo ya kuweka sawa kabla ya kuondoka

Beba kadi ya chanjo ya homa ya manjano. Kambodia huitaka kwa wanaotoka nchi zenye ugonjwa huo, na mpangilio wa ndege zetu unaweza kukupitisha katika mojawapo. Uwanja mpya wa ndege wa Siem Reap, uliofunguliwa Oktoba 2023, uko mbali na mji kuliko ule wa zamani, kwa hiyo uliza kama ziara yako inajumuisha kupokelewa. Dola zinatumika kila mahali pamoja na rieli, sarafu ya huko, kwa takriban rieli 4,000 kwa dola, lakini noti iliyochanika hata kidogo hukataliwa.

Mavazi: mabega na magoti yafunikwe. Kanga uliyojitupia begani inaweza kukataliwa Bakan, vaa nguo yenye mikono.

Kama tarehe zako zinabadilika, lenga Novemba hadi Februari kwa hali ya hewa, au karibu na tarehe 21 Machi na 23 Septemba, siku ambazo jua huchomoza juu ya mnara wa kati wa Angkor Wat ukisimama kwenye njia ya magharibi. Siku hizo waongozaji hujaa mapema. Mwandikie wako wiki kadhaa kabla, umtajie idadi yenu, siku mbili za mahekalu matatu, saa ya kuondoka, bei mliyokubaliana kwa siku nzima, na kwamba hakuna duka.